Sapa kwa gambuti: matembezi ya majarubani, kaskazini mwa Vietnam

Tangu niweke mtandaoni picha za matembezi yetu ya Sapa, meseji hazijakatika: njia ni ipi, bei gani, na asiyekula nguruwe anakula nini huko. Nimekaa na daftari, risiti zilizokunjamana na picha za simu, nikazipanga siku kwa siku. Tulikuwa wawili. Mimi ni Mluguru wa Morogoro. Mwenzangu ni swahiba wa tangu chuo, nitamwita Mtanga, maana jina lake hataki lionekane mtandaoni.

Jumapili, 25 Mei 2025. Hanoi na treni ya usiku

Tulitua Hanoi asubuhi tukitokea Dar kupitia Doha. Viza tuliomba mtandaoni tukiwa nyumbani, dola 25 kwa kuingia mara moja. Afisa pale uwanjani akaitazama karatasi, akagonga muhuri, basi. Jijini kulikuwa na joto la kukata pumzi na pikipiki zisizohesabika, tukashinda kivulini tunakunywa kahawa ya barafu hadi jua likatua.

Hesabu ya pesa haina shida kwa Mtanzania, unaondoa sifuri moja tu. Dong 10,000 ilikuwa shilingi 1,000 na chenji kidogo. Ile kahawa ya dong 25,000 ni kama shilingi 2,500. Tatizo ni noti, kila moja ina misururu ya sifuri na nyingine zinafanana rangi. Ile ya 20,000 na ile ya 500,000 zote ni za buluu, kwa hiyo usilipe gizani.

Kwenda Sapa kuna basi na kuna treni. Basi linapita barabara kuu iliyofunguliwa 2014 na linafika kwa saa tano au sita. Treni inaondoka saa nne usiku na kukufikisha Lao Cai alfajiri, bado una mlima wa kupanda kwa gari. Nilichagua treni kwa sababu yangu binafsi. Reli ile ni ya upana wa mita moja, sawa na reli yetu ya zamani ya Kati ambayo Wajerumani waliifikisha Morogoro mwaka 1907. Ya kule ilijengwa na Wafaransa, ikafika Kunming, China, mwaka 1910. Nimekulia karibu na stesheni, na tangu SGR ianze watu wetu wameshasahau ule mtikiso. Mimi usiku ule niliukuta palepale nilipouacha.

Kitanda kwenye chumba cha wanne kilitugharimu dong 450,000 kila mmoja. Humo tulikuta mzee mmoja wa Kivietnamu, mfupi, na mfuko wa machungwa. Alipouliza tunatoka wapi na kusikia Tanzania, alikaa kitako kitandani akasema kwa sauti, "Mtwara!" Kumbe amefanya misimu kadhaa kwenye biashara ya korosho ghafi, zile zinazonunuliwa kusini kwetu na kubanguliwa eneo la Binh Phuoc, kusini kwao. Kiswahili chake kilikuwa na maneno yasiyozidi kumi, na la kwanza ni shikamoo. Akatuamkia nalo, mtu wa umri wa baba zetu. Mtanga aliona haya mpaka akasimama, akashindwa aitikie marahaba au amrudishie shikamoo yake. Akamrudishia. Mzee akafurahi, akatumenyea machungwa.

Jumatatu, 26 Mei. Lao Cai hadi Sapa

Lao Cai ni mji wa mpakani, ng'ambo ya mto ni Hekou, China. Ukishuka treni madereva wanakuvamia kama Mbezi stendi. Tuliambiwa dong 200,000 kila mmoja kwenda Sapa. Mzee wa korosho, ambaye ndugu zake walikuwa wamekuja kumpokea na wanamsubiri, aliweka begi chini, akarudi, akaongea na mmoja wao dakika mbili kwa sauti ya ukali. Bei ikawa 60,000, ile wanayolipa wenyeji. Akatupungia mkono na kuondoka, hata jina lake hatukulipata.

Gari likajaa, likapanda kilomita karibu arobaini za kona, masikio yakaziba. Sapa ipo kwenye mita 1,500 na ushee. Wafaransa waliufanya mji wa kukimbilia joto la Hanoi, na kanisa lao la mawe bado limesimama katikati. Leo umezungukwa na hoteli za ghorofa, matingatinga na spika za karaoke. Siwezi kuusifia mji wenyewe, fikia, lala, ondoka. Chumba cha watu wawili kilikuwa dong 350,000.

Mvua ilinyesha mchana kutwa. Tulipotoka jioni, ikawa zamu yetu kutazamwa. Familia za Kivietnamu zilizotoka mijini zilikuwa zimekodi mavazi ya Kihmong, kabila la milima hii, kupigia picha mbele ya kanisa, na walipotuona wakaacha kanisa. Tulipigwa picha na bibi harusi, na shangazi wanne waliofanana, na mtoto aliyelia. Wahmong wenyewe walikuwa wameketi barazani wakiuza vifuko vya nakshi, wakituangalia na kucheka. Mtanga alisema tungetoza ada. Hakuna aliyekuwa na ubaya, ila kama hupendi kuguswa nywele, vaa kofia.

Hapo ndipo tulipokutana na kiongozi wetu, dada wa Kihmong Weusi mwenye miaka thelathini na kitu, tuliyempata kwa kuelekezwa na rafiki aliyewahi kutembea naye. Jina lake sitaliandika hapa. Kiingereza alijifunza barabarani akiwa msichana, kwa kuwauzia wageni bangili, na anakiongea kwa kasi kuliko mimi niliyesomeshwa. Tulipatana dong milioni moja na laki mbili kila mmoja kwa siku mbili za kutembea, kulala vijijini na chakula. Ukilipa moja kwa moja kwa kiongozi wa kijijini, pesa yote inabaki kwake na kwa wenye nyumba. Ukilipia kwenye kaunta ya hoteli, sehemu yake inaishia kaunta.

Alitutazama miguu kabla ya nyuso. "Viatu hivyo hapana," akasema, akatupeleka kukodi gambuti, dong 50,000 kwa siku. Mimi nilipata. Mtanga anavaa namba 46, na Sapa nzima hakuna gambuti la namba hiyo. Aliishia na raba zake na mifuko ya plastiki ndani.

Wale mtakaouliza kuhusu Fansipan: ni mlima wa mita 3,140 na ushee, mrefu kuliko yote ya Vietnam, Laos na Kambodia, na tangu 2016 unapandwa kwa gari la kamba. Siku zetu zote ulikuwa ndani ya ukungu, hatukutoa hela kwenda kuangalia ukungu kwa juu.

Jumanne, 27 Mei. Sapa, Y Linh Ho, Lao Chai, Ta Van

Tuliondoka saa tatu asubuhi. Kwenye kizuizi kuna tiketi ya kuingia bonde la Muong Hoa, dong 75,000. Baada ya hapo tukaacha lami, tukaanza kuteremka kwenye udongo mwekundu uliolowa. Akina mama wawili wenye vikapu vya mgongoni walikuwa wameungana nasi tangu mjini, bila kualikwa.

Usidhani kuna njia maalumu ya watalii. Unatembea juu ya kingo za majaruba ya watu, upana wa mguu mmoja, kushoto maji, kulia jaruba lingine futi tano chini yako. Mwishoni mwa Mei ndio wakati wa kupanda mpunga. Mlima mzima ulikuwa umejazwa maji ngazi kwa ngazi, kuanzia mtoni hadi lilipo pazia la ukungu, na kila kipande kina watu ndani. Baridi ya huku inaruhusu msimu mmoja tu kwa mwaka: kitalu Aprili, kupanda Mei na Juni, kuvuna Septemba. Ukitaka zile picha za dhahabu nenda Septemba. Ukitaka kuona kazi, nenda muda huu wetu.

Na kazi tuliiona. Wanaume walikuwa wakipalilia kuta za ngazi kwa jembe, wanaufyeka udongo wenye majani kisha wanaupaka tope jipya kwenye ukingo kama mtu anayepiga lipu, ili maji yasivuje. Pale ambapo jaruba lina upana, kuna nyati wa kufugwa anavuta haro. Pawatila nazo zipo, ndogo, zinabebwa na wanaume wawili kutoka ngazi hadi ngazi. Kwenye majaruba membamba kama korido, ni jembe na mikono. Wanawake wanang'oa miche kitaluni, wanaipiga kwenye gambuti kuondoa tope, wanafunga mafungu kwa jani, wanayarusha. Wapandaji wanakwenda kinyumenyume, hawanyanyui kichwa.

Chini ya Y Linh Ho kiongozi wetu alisimama ghafla. Kwenye ukingo kulikuwa na pengo la upana wa kiganja, maji yanashuka kwa nguvu kwenda jaruba la chini. Aliinama, akachota donge la udongo mzito, akalisukumia kwenye pengo na kulikandamiza kwa kisigino cha yeboyebo zake. Akangoja. Maji yakabaki uzi mwembamba. Akaongeza jiwe dogo, akalisogeza kidogo, akaridhika.

"Ni lako?" nikamuuliza.

"La wifi yangu. Kapanda jana. Mvua ya usiku imepanua mlango. Maji yakiisha, miche inalala."

"Na huyu wa chini?"

"Wa chini ni mjomba. Atapata jioni."

Kila jaruba lina mlango kama huo, na kimo cha mlango ndicho kinachoamua nani ana maji kiasi gani. Yanatoka msituni juu, kwenye safu ya Hoang Lien, yanaletwa kwa mifereji na mabomba ya mianzi, siku hizi na mipira ya plastiki, kisha yanapokezana kutoka familia hadi familia mpaka mtoni. Mtu wa juu akiwa mchoyo, ukoo mzima wa chini unakauka. Ugomvi wa maji upo, alisema, lakini unamalizwa na wazee kabla ya kupanda, kwa sababu wakati wa kupanda kila mtu anamhitaji mwenzake shambani. Kupanda kunafanywa kwa ujima: leo kwangu, kesho kwako, mwenye shamba analisha.

Nikamsimulia habari za kwetu. Bibi yangu, mzaliwa wa Matombo, hakuwa anachoka kueleza jinsi Mwingereza alivyowaamuru Waluguru wachimbe ngazi milimani baada ya vita ya pili. Udongo wa juu ni mwembamba, ukichimba ngazi unaufukia na kuutoa ule wa chini usio na rutuba, mahindi yanakuwa manjano. Asiyechimba anatozwa faini. Mwaka 1955 watu wa Matombo wakajaa kupinga, ikawa vurugu, na mpango ule ukafa. Upande wa Mgeta, ambako watu walikuwa na mboga za kumwagilia, ngazi zilikubalika na zipo hadi leo.

Kiongozi alisikiliza hadi mwisho, halafu akauliza kitu kimoja. "Hao wa bibi yako, maji yalitoka wapi?"

Nikamwambia ni mvua tu, ni mahindi.

Alicheka mpaka akashika mwavuli wake kwa mikono miwili. "Ngazi bila maji? Kazi yote hiyo kwa mahindi?" Akanyoosha kidole ng'ambo ya mto. Kule kwenye mteremko mkali kulikuwa na mahindi ya Wahmong yamepandwa hivyohivyo, kwenye mashimo kati ya mawe, bila ngazi hata moja. Bibi angemkumbatia.

Lao Chai tulikula mchana, tambi za mchele na mayai, zimo kwenye bei. Hapo wale akina mama wawili wakafungua vikapu. Mwisho wa njia ndio duka, na watalii wengi wanakasirika, wanahisi wametegwa. Mimi sioni pa kukasirikia. Yule mmoja alikuwa amemshika mkono Mtanga karibu kila mteremko, mwanamke anayemfikia kifuani, na raba zile zilivyokuwa zinateleza angekuwa ameogelea mara nyingi. Njiani alimfumia farasi mdogo kwa majani ya jimbi. Hiyo ni kazi, kama ya mpagazi wa Kilimanjaro, ila hii inalipwa kwa kununua kifuko. Tulinunua viwili, dong 100,000 kila kimoja. Kama hutaki kununua, waambie mapema kabisa mjini, kwa heshima, na ukatae mkono. Kwa watoto ni habari nyingine. Mjini kuna mabango yanayoomba wageni wasinunue kwa watoto, kwa sababu mtoto anayeuza vizuri harudi darasani. Fuata mabango.

Karibu na Ta Van mlima ulikuwa na kovu, udongo mtupu kutoka juu hadi njiani. Ni kazi ya kimbunga Yagi, Septemba 2024. Mkoa huu wa Lao Cai uliumia sana. Kijiji cha Lang Nu, iliyokuwa wilaya ya Bao Yen, kilifukiwa na tope. Hapa tulipopita yalikwenda majaruba ya familia tatu, mpunga ukiwa karibu kuvunwa. Wawili walikuwa wameshaanza kuchimba upya, ngazi changa, kingo zimenyooka na hazijaota jani. Wa tatu kaenda kufanya kazi za ujenzi mjini.

Ta Van ni kijiji cha Wagiay, kabila jingine la bonde hili. Mwenyeji wetu alichukua pasipoti kwanza, maana mgeni anayelala kijijini lazima aandikishwe polisi, beba yenyewe, nakala haitoshi. Kisha likaja lile swali la nguruwe. Huku nguruwe ni nyama na ni mafuta pia, hata mboga za majani zinakaangwa kwa mafuta yake, kwa hiyo kusema "sili nyama" hakukusaidii kitu. Kiongozi alieleza kwa Kivietnamu, mama mwenye nyumba akauliza maswali mawili, akatoka nje mvua ikinyesha. Alirudi na sufuria na kikaango cha jirani, vipya, karatasi ya duka bado imeganda, na chupa ya mafuta ya alizeti. Tulikula tofu ya nyanya, mayai ya kukaanga, vikonyo vya mchuchu kwa kitunguu saumu, na wali wa jaruba la nyuma ya nyumba. Mtanga alikula sahani tatu. Mchele ule hauna harufu ya Kyela, nisidanganye, lakini una utamu wa kitu kilichokobolewa juzi.

Baba mwenye nyumba alitoa pombe ya mchele iliyokuwa kwenye chupa ya maji. Viongozi wote wa Sapa wanaiita maji ya furaha. Nilikunywa vikombe viwili kwa niaba ya Mtanga, "một, hai, ba, dô!", yaani moja, mbili, tatu, twende, na sikuhitaji blanketi la pili.

Jumatano, 28 Mei. Ta Van, Giang Ta Chai, Ban Ho

Nje ya Ta Van tulikuta nyumba ya jamaa wa kiongozi, na hapo tulikaa zaidi ya saa moja kwa ajili ya Mtanga. Babu yake alikuwa manamba kwenye mashamba ya mkonge, na nyuzi anazijua. Wahmong wanavaa nguo za nyuzi za mmea wa jamii ya bangi, wanaulima kando ya nyumba kwa ajili hiyo. Bibi mmoja alikuwa anaunganisha nyuzi huku anatembea, ncha kwa ncha, anazisokota kwa vidole na kuzizungushia mkononi, hatazami. Barazani kulikuwa na pipa la nili, povu la buluu juu, harufu ya kitu kilichovunda. Kitambaa kinachovywa, kinakaushwa, kinachovywa tena, wiki nyingi, mpaka kinakuwa cheusi. Nakshi nyeupe zinachorwa kabla kwa nta ya nyuki, na kalamu ya shaba.

Nilichokuwa sijawahi kuona ni namna wanavyoking'arisha. Kitambaa kilichopakwa nta kinazungushiwa kwenye gogo la mviringo, juu yake linawekwa jiwe bapa, na msichana anapanda juu ya jiwe, mguu huku na mguu huku, anayumba kushoto na kulia huku ameshika kamba ya darini. Kitambaa kinatoka kinameta kama ngozi. Mtanga aliomba kujaribu, akakataliwa kwa uzito wake. Vidole vya kiongozi wetu navyo vilikuwa vya buluu hadi kwenye kucha. Alisema Krismasi hadi Krismasi haviishi rangi, na nguo za nili mpya zikilowa mvua zinapaka kila kitu, kwa hiyo ukinunua ifue peke yake.

Baada ya hapo ni mianzi, utelezi na maporomoko ya maji ya Giang Ta Chai, ambako Wadao Wekundu wanaishi. Mvua haikukata hadi saa nane. Kiongozi alikata mianzi miwili kwa panga, akatupa fimbo.

Njia inashuka sana kwenda Ban Ho, na hewa inabadilika, unavua koti, unavua sweta. Njiani kuna ujenzi na mitambo ya umeme wa maji, malori yamelivuruga bonde, kipande hicho ruka kwa pikipiki ukiweza. Ban Ho ni kwa Watay, nyumba za mbao juu ya nguzo, kuku na pikipiki zinalala chini, watu wanalala juu. Tulilazwa kwenye magodoro sakafuni, neti imeshuka. Mwezi wa Mfunguo Tatu ulikuwa umeandama siku hiyo, na Mtanga alianza kuhesabu siku za kufika nyumbani kabla ya Idi. Alimuuliza mwenye nyumba magharibi ni upande gani, apate kuswali, mzee akatoka nje na tochi, akatazama mto unakoelekea, akamwonyesha, kisha akamwondolea kijana aliyekuwa anaangalia mpira kwenye simu ili mgeni apate utulivu.

Alhamisi, 29 Mei. Ta Phin, kisha basi

Tulipanda gari dogo kurudi Sapa, dong 100,000 kila mmoja, tukiwa tumebanana na magunia ya mbolea. Mjini tukaagana na kiongozi. Bakshishi tulimpa mkononi, pembeni, na tulimwachia koti la mvua la Mtanga ambalo alikuwa amelisifia mara mbili. Alikuwa na haraka, mchana huo ilikuwa zamu ya shamba la wifi yake mwingine.

Tulikuwa na nusu siku, tukachukua bodaboda hadi Ta Phin, kilomita kama kumi na mbili. Ni kijiji cha Wadao Wekundu na Wahmong. Wanawake wa Kidao wanavaa vilemba vyekundu na wamenyoa nyusi, na wanajua kuuza kuliko wote. Barabarani kuna magofu ya nyumba ya watawa ya enzi za Wafaransa, mawe yameota ukungu, bibi harusi wa mjini wanapigia picha humo.

Tulichokifuata ni bafu la dawa, dong 150,000. Majani na magome ya msituni yanachemshwa kwa saa nyingi, maji yanatoka mekundu kama chai ya rangi, yanamiminwa kwenye pipa la mbao, wewe unaingia hadi shingoni. Kwa magoti ya siku mbili za matope sijapata dawa nyingine. Wanakwambia usizidi nusu saa, na uwasikilize, maana presha inashuka. Mtanga alitoka akiwa anaona nyota, mama wa Kidao akamketisha kwenye kigoda na kumlisha tangawizi yenye sukari mpaka macho yakarudi.

Basi la vitanda kwenda Hanoi liliondoka saa nne usiku, dong 300,000. Unavua viatu mlangoni na kuvitia kwenye mfuko. Vitanda vimetengenezwa kwa watu wa kimo chao, Mtanga alilala amekunja magoti kifuani hadi asubuhi. Kama una urefu wa zaidi ya futi sita, uliza basi lenye vyumba, ni dong laki moja zaidi.

Ijumaa, 30 Mei. Hanoi

Tulishushwa saa kumi alfajiri, tukanywa supu ya tambi na kuku kwenye viti vya plastiki vilivyo chini kuliko vigoda vya jikoni.

Mchana Mtanga alikwenda kuswali Ijumaa kwenye msikiti wa Al-Noor, mtaa wa Hang Luoc. Ndio pekee Hanoi, umejengwa na wafanyabiashara wa Kihindi mwishoni mwa karne ya 19. Mimi nilimngoja kwenye duka la chai ng'ambo. Alitoka na kundi la Wapakistani, Wamalaysia na mwanafunzi mmoja wa Kisudani, wanabishana ni mgahawa gani wa halali una biriani nzuri, na bila kuulizwa nikajikuta nimo kwenye msafara. Hawakuturuhusu kulipa.

Gharama, kwa waliouliza. Tangu tupande treni Hanoi hadi turudi, kila mmoja alitumia kama dong milioni tatu na nusu, bakshishi ndani, sawa na shilingi laki tatu na nusu hivi. Tiketi ya ndege ndiyo inayokula hela, inunue mapema. Gambuti kodi hukohuko, ila kuanzia namba 45 beba lako.